Mpira, Kazi ya Leta na Mahakama: Yapi Kweli, Yapi Uongo?

Huku Fizi, mashariki mwa Congo, kuanzia ufuko wa Baraka hadi uwanda wa juu wa Minembwe, kazi ya Leta, yaani ya serikali, ingali ile ambayo mzazi humwombea mtoto wake. Mshahara ni mdogo na huchelewa. Kuna hata walimu waitwao NU wanaofundisha miaka na miaka kabla jina lao halijaingia kwenye orodha ya malipo. Hata hivyo, aliyepata namba ya utumishi ana cha kudai, na asiyenayo hana. Ndiyo maana kila njia inayosemekana kufika huko hupata wasikilizaji wengi: undugu, chama, kabila, na pia kipaji cha mpira au mbio.

Juu ya njia hii ya michezo yanasemwa mengi, na baadhi yamewagharimu vijana fedha na miaka. Nimechukua yanayosikika zaidi nikayapima kwa Katiba ya Congo ya 2006 na sheria zake. Nimeyapima pia kwa hukumu za Nairobi na New Delhi, kwa kuwa huko ndiko majaji wamelazimika kuamua nani achaguliwe kwa kazi ya serikali na kwa utaratibu gani.

«Sheria ya Congo inawatengea wanamichezo nafasi za kazi serikalini.»

Uongo.

Sheria namba 16/013 ya tarehe 15 Julai 2016, inayowahusu watumishi wa kudumu wa umma, inaufanya mtihani wa ushindani kuwa mlango wa kawaida wa kuingilia. Sheria namba 11/023 ya tarehe 24 Desemba 2011 inaweka misingi ya kuandaa na kuendeleza michezo nchini. Hakuna hata moja kati ya hizo inayosema kwamba katika kila nafasi mia, tano ni za wachezaji. Basi akija mtu kukuambia kuna nafasi yako ya mpira wizarani, ila ulete dola za kufungulia faili, anakuuzia kitu ambacho hakipo.

Kinachowachanganya watu ni kumbukumbu ya zawadi. Mwaka 1974 Leopards, timu ya taifa ya Zaire kama Congo ilivyoitwa wakati huo, walitwaa Kombe la Mataifa ya Afrika kule Misri, na Rais Mobutu akawapa wachezaji magari na nyumba. Nyota wao, Ndaye Mulamba, alifunga mabao 9 katika mashindano hayo, na rekodi hiyo ya mashindano mamoja imedumu miongo mingi. Miaka 20 baadaye alipigwa risasi mguuni na watu waliomvamia nyumbani kwake, akakimbilia Afrika Kusini, akaishi huko kwa dhiki kama mkimbizi. Alifariki huko Januari 2019. Mabao yake 9 hayakumpa pensheni wala cheo, na hapakuwa na andiko lolote ambalo angeweza kulipeleka kwa jaji. Zawadi ya rais haidaiwi mahakamani. Nalisema hili kwa uchungu, kwa sababu hata sasa ahadi hutolewa kwa vijana wetu uwanjani, mbele ya umati, na hakuna anayeziandika.

«Majirani zetu wana sheria hiyo, ndiyo maana wanariadha wao wote ni askari.»

Nusu kweli.

Ni kweli kwamba Kenya, Uganda na Tanzania zimewaweka wanariadha wengi katika sare. Kipchoge Keino alikuwa polisi. John Akii-Bua wa Uganda alikuwa polisi alipokimbia mita 400 kuruka viunzi kwa sekunde 47.82 kule Munich mwaka 1972 na kuivunja rekodi ya dunia. Stephen Kiprotich, aliyeshinda marathoni ya Olimpiki ya London mwaka 2012, alikuwa askari wa Magereza ya Uganda, na ushindi ule ulimpandisha cheo. Alphonce Simbu, aliyeipatia Tanzania dhahabu ya marathoni ya dunia kule Tokyo mwaka 2025, ni mwanajeshi wa JWTZ.

Lakini kuwaona askari wengi wanaokimbia hakuthibitishi kwamba kuna mgawo wa kisheria. Majeshi na polisi wa nchi hizo wana timu zao, wana makocha na mashindano yao, na huwatafuta wenye kipaji kwa ajili ya timu hizo. Ni desturi nzuri, nami naiunga mkono. Ila desturi ina tatizo: kamanda akimwacha mkimbiaji bora na kumchukua mpwa wake, aliyeachwa atashika karatasi gani mkononi?

Nchi inayotajwa sana kwa kuandika mgawo wenyewe ni India. Tangu mwaka 1980 serikali kuu ya huko imekuwa na maagizo ya maandishi yanayoruhusu wanamichezo hodari kuajiriwa katika kada za chini bila kupita mtihani wa kawaida, kwa kiwango kisichozidi asilimia 5 ya nafasi. Michezo inayokubaliwa imeorodheshwa. Mwaka 2020 orodha hiyo iliongezwa kutoka michezo 43 hadi 63. Na kwa sababu imeandikwa, watu hushtaki. Mahakama za India zimesikiliza mashauri mengi ya namna hii: cheti gani kinahesabiwa, chama gani cha mchezo kinatambuliwa, nani amtangulie nani.

«Kutenga nafasi kwa kundi lolote ni ubaguzi, na Katiba inakataza.»

Uongo, ingawa naelewa kwa nini neno hili linawagusa watu hapa kuliko mahali pengine.

Kwetu neno mgawo halifiki mikono mitupu. Babembe, Banyamulenge, Bafuliru na Banyindu, kila jamii ina orodha yake ya nafasi inazoamini ilinyimwa. Mwezi Septemba 2020 viongozi wa mji mdogo wa Minembwe walisimikwa mbele ya waziri Azarias Ruberwa. Kelele zikaenea nchi nzima, na kabla ya majuma mawili kupita Rais Tshisekedi, akiwa Goma, akatangaza kulifuta jambo hilo. Mzozo ule ulikuwa wa mipaka na utawala, ila chini yake lilikuwepo swali lile lile la nani atashika ofisi. Kwa hiyo mtu wa Fizi akisikia nafasi maalumu, kwanza anauliza: za kabila gani?

Kifungu cha 13 cha Katiba kinalijibu swali hilo. Katika elimu na katika kupata kazi za umma, Mkongo hawezi kubaguliwa kwa dini, asili ya familia, hali ya kijamii, makazi, maoni, rangi, kabila wala kwa kuwa wa jamii ndogo ya kitamaduni au lugha. Angalia neno makazi. Kumwacha mtu kwa sababu anatoka mlimani au ufukoni kumekatazwa sawasawa na kumwacha kwa sababu ya ukoo wake.

Hata hivyo Katiba hiyo hiyo haikatai hatua za kusawazisha. Kifungu cha 14 kinadai usawa wa wanawake na wanaume katika taasisi. Kifungu cha 49 kinawapa wazee na wenye ulemavu haki ya hatua maalumu za ulinzi. Kifungu cha 189, kinachohusu jeshi, kinataka uandikishaji ufuate vigezo vinavyopimika: uwezo wa mwili, elimu ya kutosha, mwenendo uliothibitika, na uwakilishi wa haki wa mikoa. Uwezo wa mwili umeandikwa pale wazi. Hivyo mwanamichezo ana hoja ya kikatiba ya kusikilizwa, mradi kipimo kiwe kipimo kweli. Orodha inayoitwa ya wanamichezo, kumbe ni ya vijana wa kijiji kimoja waliopewa jezi juma lililopita, inavunja kifungu cha 13.

«Mahakama haiwezi kugusa uandikishaji wa polisi au askari. Hayo ni mambo ya usalama.»

Uongo, na mfano upo karibu.

Tarehe 14 Julai 2014 Kenya iliandikisha polisi 10,000 kwa siku moja, katika vituo vilivyotawanyika nchi nzima. Wanaoufahamu utaratibu wa Kenya wanajua unavyokuwa: vijana hufika alfajiri uwanjani na vyeti vyao, hupimwa urefu, hukaguliwa meno na nyayo, kisha hukimbizwa. Kwa mtazamaji yanafanana na mashindano ya riadha, na wengi waliotangulia mbioni siku ile waliamini wamemaliza kazi. Malalamiko yalianza mara moja. Watu walisema rushwa imelipwa, na waliokuwa nyuma wamechukuliwa mbele ya waliowashinda.

Aliyekwenda mahakamani hakuwa mwanasiasa. Ilikuwa IPOA, mamlaka huru ya Kenya ya kuwasimamia polisi, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2011. Chombo kimoja cha dola kilikishtaki kingine. Tarehe 31 Oktoba 2014 Jaji Isaac Lenaola wa Mahakama Kuu aliufuta uandikishaji wote. Kiini cha hukumu kilikuwa kwamba Tume ya Huduma ya Polisi iliyapeleka madaraka yake kwa kamati za chini bila usimamizi wa kutosha, na kwamba zoezi lililojaa rushwa na ukiukaji wa taratibu haliwezi kusimama mbele ya Katiba inayodai uwazi na uwajibikaji.

Kisha ukaja mtihani mkubwa zaidi. Tarehe 2 Aprili 2015 washambuliaji waliua watu 148 katika Chuo Kikuu cha Garissa. Nchi ikiwa katika msiba, Rais Uhuru Kenyatta aliagiza vijana wale 10,000 waripoti mafunzoni, na hukumu ingali imesimama. Ni vigumu kufikiria hoja ya usalama yenye uzito kuliko ile ya siku hiyo. Mwezi Mei 2015 Mahakama ya Rufani ikaamua: Lenaola alikuwa sahihi, uandikishaji wa 2014 ulikuwa batili. Hukumu hii inanigusa kuliko nyingine zote ninazozitaja hapa. Majaji walijua nchi inalia, walijua polisi hawatoshi, na bado walikataa kukubali kwamba askari aliyeingia kwa rushwa atawalinda wananchi.

Kenya haikuishia hapo. Mwezi Oktoba 2025 mahakama ya kazi ya nchi hiyo iliamua tena kuhusu ajira ya polisi 10,000, safari hii ikisema kwamba mwenye mamlaka ya kuandikisha ni Inspekta Jenerali na kwamba Tume haina mamlaka hayo. Ukiyaweka mashauri hayo mawili pamoja unaona majaji wanatazama nini: nani amechagua, amepewa na nani mamlaka ya kuchagua, na amefuata njia gani.

«Ukishinda kesi, umepata kazi.»

Uongo. Laiti hili lingejulikana kabla watu hawajauza ng'ombe ili kumlipa wakili.

Katika kesi ya Kenya ya 2014 waliolalamika walishinda, lakini hukumu haikumwajiri hata mmoja wao. Ilirudisha zoezi mwanzo. Na kati ya wale 10,000 bila shaka walikuwamo waliochaguliwa kwa haki kabisa, wasio na senti ya rushwa, nao walipoteza nafasi pamoja na wengine. Huo ni upande mchungu wa kesi za namna hii: mchakato ukioza, jaji mara nyingi hana njia ya kumtenganisha mzima na mbovu.

India ilikwishalisema hili mwaka 1991, katika shauri la Shankarsan Dash lililoamuliwa na jopo la katiba la Mahakama ya Juu. Jina lako kuwamo katika orodha ya waliofaulu hakukupi haki isiyovunjika ya kuajiriwa. Serikali inaweza isijaze nafasi zote. Lakini jopo hilo hilo liliongeza kwamba serikali haina ruhusa ya kufanya hivyo kwa matakwa tu. Lazima iwe na sababu ya haki, na haiwezi kumruka aliye juu ikamchukua aliye chini. Hicho ndicho kitu ambacho mlalamikaji anaweza kukipata mahakamani: kupimwa sawa na wenzake, kwa kanuni ile ile.

«Cheti chochote cha mashindano kinatosha.»

Uongo, na hapa nitakuwa mfupi. Maagizo ya India yanawapanga wanamichezo kwa ngazi. Anatangulia aliyeiwakilisha nchi katika mashindano ya kimataifa, anafuata aliyeliwakilisha jimbo katika mashindano ya taifa, kisha wa mashindano ya vyuo vikuu, kisha wa shule. Kila ngazi ina fomu yake na afisa wake wa kutia sahihi. Kwetu, siku sheria ya namna hii ikitungwa, kombe lililogharamiwa na mgombea wakati wa kampeni halitakuwa na uzito wa ligi inayotambuliwa na FECOFA, shirikisho la soka la Congo. Kijana anayecheza leo ahakikishe ameandikishwa na klabu inayotambuliwa, na aweke nakala ya leseni yake ya mchezaji mahali pasipofikiwa na moto wala mvua. Familia zilizokimbia kutoka Minembwe, Bijombo au Itombwe zinajua ni karatasi ngapi zimeteketea pamoja na nyumba.

«Wanaochagua wanaweza kubadili masharti wakati wowote.»

Uongo. Mahakama ya Juu ya India, jopo la majaji watano, ililitamka hilo tarehe 7 Novemba 2024 katika shauri la Tej Prakash Pathak. Kisa chenyewe kilianzia kwenye mahakama: Mahakama Kuu ya Rajasthan ilitangaza nafasi 13 za watafsiri, watu wakafanya mtihani, na baadaye ndipo ikaamriwa kwamba anayefaulu ni mwenye asilimia 75 na zaidi. Wakabaki watatu tu. Jopo likasema kanuni za kuchagua haziwezi kugeuzwa katikati ya zoezi isipokuwa kanuni zenyewe, au tangazo lenyewe, liliruhusu hivyo. Na hata pale, mabadiliko hayo yasiwe ya kionevu.

Mwaka mmoja kabla, Agosti 2023, mahakama hiyo ilikuwa imeshughulikia sharti jingine la asilimia 75. Chuo kimoja cha uhandisi cha Chandigarh kilitenga nafasi kwa wanamichezo, kisha kikadai wawe na alama 75 kwa mia shuleni. Majaji walilifuta sharti hilo. Nafasi imetengwa ili kukuza michezo, walisema kwa maana. Ukiweka kizingiti kinachowatoa wanamichezo wenyewe, umeliua lengo. Hukumu hiyo ilihusu masomo, lakini hoja yake inafaa kwa ajira pia, na kama ningeruhusiwa kumpa waziri wa michezo wa Congo hukumu moja ya kusoma kabla ya kuandika agizo, ningempa hii.

«Mtu wa Minembwe au Baraka hana mlango wa kulalamikia.»

Kwa sheria ni uongo. Kwa hali ilivyo, kuna ukweli mwingi ndani yake.

Kifungu cha 155 cha Katiba kinalipa Baraza la Dola, lililoko Kinshasa, kazi ya kusikiliza malalamiko dhidi ya maamuzi ya mamlaka kuu za utawala yanayovunja sheria. Sheria ya msingi namba 16/027 ya tarehe 15 Oktoba 2016 inapanga mahakama za utawala chini yake: maamuzi ya mkoa yana mahakama yake ya rufani ya utawala, na maamuzi ya mji, wilaya au sekta yana mahakama yake ya ngazi ya kwanza. Kabla ya kushtaki, unaanza kwa barua: unamwandikia aliyefanya uamuzi, unamwomba aufute au aurekebishe, unabaki na nakala yenye muhuri wa kupokelewa. Muda wa kufanya hivyo ni mfupi. Anayekaa mwaka mzima akinung'unika barazani huenda akakuta mlango umefungwa kabla hajaugonga.

Hiyo ndiyo karatasi. Sasa barabara. Kutoka Minembwe kushuka Baraka ni safari ya milima ambayo mvua na bunduki huamua kama itawezekana. Bukavu, makao makuu ya mkoa, iliingia mikononi mwa waasi wa AFC/M23 Februari 2025, na Minembwe yenyewe imekuwa uwanja wa vita. Kumwambia kijana wa huko apeleke shauri lake Kinshasa ni kumpa haki asiyoweza kuifikia kwa miguu yake.

Lakini mahakama ikitaka kusafiri, husafiri. Februari 2011 mahakama ya kijeshi ilikuja Baraka, ikakaa pale mbele ya watu, ikawasikiliza wanawake waliobakwa na askari mjini Fizi siku ya Mwaka Mpya. Kamanda wa askari hao, Luteni Kanali Kibibi Mutware, alihukumiwa kifungo cha miaka 20. Ilikuwa kesi ya jinai nzito, tofauti kabisa na shauri la ajira, na silinganishi maumivu. Nasema tu kwamba majaji walifika, na watu wa Fizi waliiona sheria kwa macho yao. Mahakama za utawala nazo zinaweza kupangiwa safari kama hizo, na mawakili wa Uvira na Bukavu wakaruhusiwa kuwakilisha malalamiko kwa maandishi kwa niaba ya walio mbali.

Kwa waheshimiwa wabunge wa Fizi, wa taifa na wa mkoa, ombi langu ni moja. Msimwahidi tena mchezaji yeyote kazi uwanjani. Leteni bungeni andiko linalotaja ni nafasi ngapi, katika huduma zipi, kwa michezo ipi, kwa cheti cha nani, na ni nani atakayesikiliza malalamiko na kwa siku ngapi. Na kwako kijana unayesoma: mpaka andiko hilo lipite, mtihani wa ushindani ndio mlango ulioandikwa. Jiandae kwa huo, na usimlipe mtu yeyote fedha ya faili la michezo.